Shusha faili kubwa kwenye seva kwanza, kisha uivute Mbeya

Dada mmoja mwenye studio ya video pale Mwanjelwa, Mbeya, aliwekewa kazi nzima ya harusi kwenye tovuti ya kuhifadhi faili. Kila ikifika katikati mtandao unakatika, kivinjari kinaanza upya, bando linaisha. Dawa ni kuiachia seva ya kukodi (kompyuta ya mbali iliyo kwenye mtandao muda wote) ishushe yenyewe, wewe uje kuvuta kidogo kidogo. Nachukulia una seva ya Linux yenye nafasi na unajua kuingia kwa ssh, yaani kuandika amri kwenye seva ukiwa mbali.

1. Ingia kwenye seva, andika `tmux`, programu inayoweka kazi hai hata ukitoka. Umeme ukikatika kwako, kazi ya kule inaendelea.

2. Pata linki halisi. Hapa ndipo wengi wanapokwama. Linki uliyotumiwa WhatsApp ni ya ukurasa wenye kitufe, si ya faili. Ukimpa `wget` (programu ya kushusha kwa amri) linki hiyo, anakuletea ukurasa. Fungua Chrome, bonyeza F12, nenda "Network", bofya kitufe cha kushusha, kisha usimamishe. Bofya kulia kwenye ombi la faili lenyewe, chagua "Copy as cURL", inayonakili ombi hilo kama amri ya `curl`, programu nyingine ya kushusha. Kama uko Windows, chagua ile ya bash. Amri hiyo inabeba kuki zako (alama ambazo tovuti imeziweka kwenye kivinjari chako), kwa hiyo tovuti inakutambua. Ibandike kwenye seva na uongeze mwishoni:

`-L --fail -C - -o harusi.zip`

`-C -` inaendeleza palipokatika, mradi tovuti inaruhusu. `--fail` inazuia ukurasa wa kosa usihifadhiwe kama faili yako. Ukipata kosa la 403, yaani tovuti imekukatalia, huenda linki imeisha muda, au imefungwa kwa anwani ya IP ya nyumbani. Chukua mpya, ikikataa tena, njia hii haifai kwa tovuti hiyo.

Baada ya dakika moja fungua dirisha jingine kwenye seva, andika `file harusi.zip`. Ukiona "HTML document", simamisha hapohapo.

Na tafadhali, amri yenye kuki ni sawa na nenosiri. Usiitume kwenye kundi.

Faili ikiwa Google Drive au Dropbox, achana na yote hayo, tumia `rclone`, programu ya kunakili faili kutoka huduma kama hizo. Seva haina kivinjari, kwa hiyo endesha `rclone authorize` kwenye laptop yako, kisha ubandike kule tokeni (msimbo wa ruhusa) utakayopewa.

Skripti za PHP kama Rapidleech, ambapo unabandika linki kwenye ukurasa wa tovuti na seva inashusha, siziweki kwenye seva ya mtu yeyote. Ukiiacha wazi bila nenosiri, wageni watajaza diski yako.

3. Vuta nyumbani, usiku bando likiwa nafuu:

`rsync -P wewe@seva:harusi.zip .`

Ikikatika, rudia amri ileile. Kwenye Windows utahitaji WSL, yaani Linux ndani ya Windows.

4. Hakikisha faili imefika nzima: endesha `sha256sum harusi.zip` pande zote mbili. Herufi zikilingana, futa ya kwenye seva. Ukimpelekea mteja kwa flashi, iwe imefomatiwa kwa mfumo wa exFAT. FAT32 haipokei faili moja inayofika GB 4.