Kurusha sarafu mara kadhaa: piga hesabu kwanza ndo ukubali kulipa kahawa

Vijiweni huku Mtwara, Ligula mpaka Mikindani, kuna kamchezo ka kuamua nani analipa kahawa na kashata. Sarafu inarushwa mara mbili, jamaa anakwambia kichwa kikitokea hata mara moja unalipa wewe, kisipotokea kabisa nalipa mimi. Watu wanakubali wakidhani ni fea. Sio fea hata kidogo, na msimu wa korosho mwezi wa kumi hela ikishaingia mtaani hawawekeani kahawa tena, kwahiyo bora uijue hii hesabu.

Chukua jero, yaani sarafu ya shilingi 500. Upande wa Karume, ndo kichwa, tuite K, upande wa nyati tuite N. Ukirusha mara moja ni fifti fifti. Ukirusha mara mbili andika yote yanayoweza kutokea kwa kufuata mpangilio: KK, KN, NK, NN. Yako manne, matatu yana kichwa, kwahiyo jamaa anashinda robo tatu na wewe umebaki na karobo kako ka NN.

Hapa ndo ubishi unapoanza, mtu anasema KN na NK si kitu kimoja tu? Hapana. Tumia sarafu mbili tofauti, jero na mia mbili, utaona mwenyewe, nyati na kichwa cha mia mbili sio sawa na kichwa cha jero na simba. Na usimcheke anayebisha, d'Alembert wa Ufaransa, mtu mzito kwenye hesabu, mwaka 1754 aliandika kwenye ensaiklopidia kwamba kichwa kikitoka mwanzo huna haja ya kurusha tena, kwahiyo matokeo ni matatu tu, K, NK na NN, basi uwezekano ni theluthi mbili. Alichokosea ni kuyahesabu yote yana uzito sawa, wakati ile K ya mwanzo peke yake ni nusu nzima, NK robo, NN robo.

Ukiongeza mara za kurusha, matokeo yanazidishwa kwa mbili tu: mara tatu 8, mara nne 16, mara tano 32, mara kumi 1,024. Kuandika yote hayo inachosha, kwahiyo panga namba hivi:

1 1
1 2 1
1 3 3 1
1 4 6 4 1

Pembeni weka 1, katikati jumlisha mbili zilizo juu yake. Mstari wa nne ndo wa kurusha mara nne: njia 1 ya kukosa kichwa, 4 za kichwa kimoja, 6 za viwili, zinaendelea hivyo. Kwahiyo vichwa viwili kamili ni 6 kwa 16, haifiki hata nusu! Na ukirusha mara kumi, kupata tano kwa tano ni 252 kwa 1,024, robo kasoro kidogo.

Ukisikia neno "angalau" zunguka kwa nyuma, tafuta uwezekano wa kukosa kabisa halafu toa kwenye moja. Angalau kichwa kimoja kwa mara tano: kukosa ni 1 kwa 32, kupata ni 31 kwa 32.

Halafu kuna hawa wanaopiga kelele nyati ikitoka mara nne mfululizo, "sasa lazima kichwa", wanapandisha dau. Sarafu haikumbuki kitu wazee, ya tano ni nusu ileile. John Kerrich, mtu wa hesabu, alipokuwa kizuizini Denmark wakati wa vita kuu ya pili alirusha sarafu mara 10,000 akapata vichwa 5,067. Asilimia imekaribia kabisa nusu, ila vichwa bado vimezidi kwa 134, maana yake sarafu haijahangaika kulipa deni la mtu.

Wa mikeka ya kubeti nao, mechi kumi hata kila moja ingekuwa nusu kwa nusu, kupatia zote ni 1 kwa 1,024.

Jipime: mara sita, angalau vichwa viwili. Toa njia za kukosa (1) na za kichwa kimoja (6) kwenye 64, ukipata 57 kwa 64 umeelewa. Ukipata tofauti rudi kwenye ule mpangilio wa namba uongeze mistari miwili.