Amefungiwa ndani na familia yake: hatua za kuomba hebiasi kopasi Kenya

Swali ni lilelile kila wiki: "Wazazi wamemfungia mchumba wangu, nifanyeje?" Naliandika mara moja, atakayeuliza tena asome hapa.

Hebiasi kopasi ni amri ya Mahakama Kuu kwamba anayemshikilia mtu amlete mbele ya jaji. Haiwahusu polisi peke yao. Kifungu cha 389 cha Sheria ya Mwenendo wa Jinai kinamgusa pia aliyezuiliwa na mtu binafsi, awe baba, mume au shangazi. Katiba ya 2010, kifungu cha 25, inakataza haki hii isipunguzwe.

1. Ripoti polisi, uchukue namba ya OB (kitabu cha matukio cha polisi).

2. Hakikisha umri. Akiwa chini ya miaka 18 na wazazi wanagombania malezi, nenda Mahakama ya Watoto.

3. Thibitisha yuko mikononi mwao. Hapa ndipo maombi mengi hufia. Baba akiapa "hayupo kwangu, sijui aliko" nawe huna cha kumpinga, kesi imekwisha. Andika nyumba ni ipi, nani anashika ufunguo, mliwasiliana lini mara ya mwisho. Jirani aliyemwona dirishani aape mwenyewe. "Nimeambiwa na jirani" haina uzito. Ujumbe wake usiufute wala kuukatakata. Usiongeze chumvi: uongo ndani ya kiapo ni jinai. Na tafadhali, usiende kuvunja mlango.

4. Peleka ombi, hati ya kiapo na cheti cha dharura (cha kuomba usikilizwe haraka) Mahakama Kuu.

5. Akiletwa, kauli yake ndiyo nzito. Jaji anaweza kumsikiliza faraghani, baba na mchumba wakiwa nje. Mtu mzima akisema anabaki kwao kwa hiari, heshimu.

MASWALI

Baba_Junior: Mke wangu karudi kwao baada ya ugomvi. Nitumie hii kumrudisha?

Hapana. Ameondoka mwenyewe, hakuna aliyemzuia.

Baba_Junior: Lakini mahari nimemaliza yote!

Mahari haikupi mamlaka juu ya mwili wake. Soma kifungu cha 45 cha Katiba: wanandoa wana haki sawa. Halafu rudia hatua ya 5.

Binti_Pwani: Mzazi je, anaweza kuitumia dhidi ya mkwe asiyemtaka?

Swali zuri sana. Ilitokea India. Baba wa binti aitwaye Hadiya alipeleka ombi la aina hii, na mwaka 2017 Mahakama Kuu ya Kerala ikabatilisha ndoa ya binti huyo mtu mzima. Mwaka 2018 Mahakama ya Juu ya India ikairejesha: kuchagua mwenzi ni haki yake, si ya baba wala ya jaji. Uamuzi huo hauwafungi majaji wetu, ila wakili anaweza kuutaja kama mfano.

Mzee wa Likoni: Kwa kadhi haiwezekani, mwanangu?

Haiwezekani, mzee wangu. Kadhi ana ndoa, talaka na mirathi. Amri hii ni ya Mahakama Kuu.

Nuru: Tuliomba aachiliwe, lakini kitambulisho chake kimebaki kwao.

Pole dada. Wengine mlio njiani, ombeni ndani ya ombi lilelile arudishiwe kitambulisho, pasipoti na simu.

Kasim: Sina hela ya wakili.

Kifungu cha 22 cha Katiba kinakuruhusu kumfungulia mtu asiyeweza kujifungulia kesi ya haki za msingi, na hakuna ada ya kuianzisha. Inapobidi, mahakama hupokea hata maandishi yasiyo rasmi. Andika barua kwa mkono wako, weka namba ya OB, taja nyumba aliyomo, uipeleke kwa msajili leo.