Somo: Mchapo wa Jikoni, Kuuchagua na Kuutumia

Ukienda soko la Kibuye, Kisumu, Jumapili ukamwambia muuza vyombo "nipe mchapo", huenda akadhani umekuja kwa porojo. Mwambie "ile ya kupiga mayai", naye ataichomoa katikati ya miiko na pawa. Hapa kifaa hicho cha waya chenye mpini nitakiita mchapo, kwa kuwa kazi yake ni kuchapa: mayai, uji, krimu, unga wa chapati za maji.

Mmoja wenu alinitumia picha ya michapo 6 akaniuliza anunue upi. Nilimjibu kwa swali: unapikia sufuria gani?

Hatua ya 1: Anza na sufuria

Sufuria zetu nyingi zina kitako bapa na ubavu uliosimama wima. Pale vinapokutana pana kona, na uji wa wimbi huanza kuungulia hapo hapo. Mchapo mnene wa umbo la puto hufagia katikati vizuri, lakini ukifika konani unapita juu juu. Unakoroga kwa bidii, mkono unauma, na bado uji unanuka moshi. Bakuli la mviringo halina kona, kwa hiyo humo mchapo mnene ndio unaofaa. Mimi niliwahi kwenda sokoni na sufuria yangu kwapani nikaijaribishia michapo. Walinicheka, lakini nilirudi na ule uliofaa.

Hatua ya 2: Jua aina zake

Mchapo mwembamba, wenye waya ngumu kidogo zilizobanana, ndio wa kila siku. Huingia konani, hukoroga uji, mchuzi mzito, kastadi, hata mayai ya kukaanga. Kama pesa inatosha mmoja tu, nunua huu, wa urefu wa sentimita 25 hadi 30.

Mchapo wa puto una waya nyingi nyembamba zinazocheza. Huingiza hewa nyingi, kwa hiyo ni wa ute wa mayai na krimu.

Mchapo bapa hulala chini ya kikaango. Ukikaanga unga kwenye siagi ili kutengeneza rojo jeupe, huu hukwangua kitako chote bila kuacha mabonge.

Wa springi hupanda na kushuka ndani ya kikombe. Unafaa kwa kakao na maziwa ya unga, basi. Wa silikoni haukwaruzi kikaango kisichoshika chakula, ila ni mlegevu; ukipigia ute wa mayai utachoka kabla povu halijasimama. Upo pia ule wa Denmark, wenye waya nene iliyopindwa vitanzi kwenye mti, wa kukandia unga wa mkate unaonata. Sijauhitaji. Unga wa chapati nauachia viganja.

Hatua ya 3: Ukague kabla ya kulipa

Utikise karibu na sikio. Ukisikia kitu kinacheza ndani ya mpini, urudishe. Kisha bana waya mmoja mmoja kwa vidole uone kama unazunguka kwenye tundu lake. Pale waya zinapoingilia mpini pawe pamezibwa kabisa, maana tundu lililo wazi hunywa maji machafu na kuyatema kwenye chakula cha kesho.

Haya niliyalipia. Mchapo wangu wa kwanza niliununua kwa mchuuzi wa steji, unang'aa kama mpya wa dukani. Nikipiga keki ya ubatizo, mayai 12 yameshaingia, niliuinua nikaona waya mmoja haupo. Ungefanyaje? Nilimwaga yote.

Hatua ya 4: Mwendo wa mkono

Kwa uji, kazi kubwa hufanyika kabla ya moto. Koroga unga kwenye maji baridi mpaka ulainike, ndipo uumimine kwenye maji ya moto huku mkono mwingine unachapa. Unga mkavu ukigusa maji yanayochemka, nje ya kila bonge huiva papo hapo na kufunga, ndani kunabaki kukavu. Bonge la namna hiyo mchapo hauliwezi.

Kwa ndimu na mafuta ya saladi, peleka mchapo kushoto na kulia upesi. Kuzungusha hakuvunji mafuta vizuri.

Ute wa mayai unataka subira. Tenganisha mayai yakiwa baridi, kwa kuwa kiini hakipasuki ovyo, kisha acha ute upoteze ubaridi ndipo uanze, maana hapo huvimba kwa urahisi. Bakuli liwe la chuma au la kioo. La plastiki hubaki na mafuta hata ukiosha mara mbili, na mafuta ni adui wa povu; tone la kiini pia lina mafuta. Inamisha bakuli, ingiza mchapo chini, uinue na kuuzungusha, kama anayeteka maji. Kiwiko kitulie, kazi ifanywe na kifundo cha mkono. Kwanza utaona mapovu makubwa kama ya sabuni. Hapo tia matone machache ya ndimu, yanalisaidia povu kusimama. Baadaye yanakuwa madogo, meupe, na mchapo unaacha mistari. Uinue: ncha ikisimama kisha ikainama, povu ni laini. Ikisimama wima, limekaza. Ukiendelea, linakuwa punje punje kama pamba na kuchuja maji, wala halirudi.

Hatua ya 5: Uoshe mara moja

Yai likikauka kwenye waya utasugua hadi jioni. Uchape ndani ya maji ya sabuni, usuuze, uuning'inize waya zikiangalia chini ili maji yasiingie mpinini.

Maswali ya wanachama

Mwanachama wa Njoro: Mwalimu, keki yangu ya mayai inafura vizuri kisha inazama katikati. Dada yangu yuko Kisumu, anafuata maelezo yale yale na yake haizami. Nimekosea wapi?

Jibu: Hujakosea, dada, uko juu tu. Kisumu ni kama mita 1,130 juu ya usawa wa bahari, Nakuru mjini, jirani yenu, ni kama 1,850, na Njoro inazidi hapo. Kwenu hewa ni nyepesi, kwa hiyo mapovu hupanuka sana ndani ya oveni na kupasuka kabla keki haijashika. Acha kupiga ute ncha ikiwa bado inainama, na upunguze baking'i poda kidogo.

Mwanachama wa Nyalenda: Krimu yangu haishikani, nimepiga nusu saa!

Jibu: Soma pakiti kwanza. Inatakiwa iwe na mafuta asilimia 30 au zaidi; maziwa ya kawaida hayatasimama hata ukeshe. Halafu joto la Kisumu unalijua. Weka bakuli na mchapo kwenye friji, kisha upige bakuli likiwa limekalia maji ya barafu. Ikishika, acha. Ukizidisha utapata siagi.

Mama wa Bondo: Kijana wangu ameniletea mashine ya kupiga mayai kutoka Marekani. Nichomeke tu?

Jibu: Usichomeke bado, mama. Umeme wa kule ni volti 120, wetu ni 240. Geuza mashine usome kibandiko chake. Kama kimeandikwa 120 peke yake, itaungua. Adapta ya kubadilisha umbo la plagi haipunguzi umeme. Unahitaji transfoma inayohimili nguvu ya mashine hiyo.

Mama wa Kakamega: Je, mrenda naweza kuupiga kwa mchapo wa waya?

Jibu: Mama, hapo umegusa jiko la nyanya yangu. Alikuwa na kipekecho, mti wenye vijitawi vifupi mwishoni, akiusugua kati ya viganja mbele na nyuma ndani ya chungu, maji ya munyu wa majivu yakiwa tayari yamelainisha majani. Mchapo wa waya hunasa majani, na ukichapa kama unavyochapa mayai utaingiza hewa upate mapovu badala ya ulaini. Ukikosa kipekecho, chukua ule mwembamba wenye mpini wa mbao na usichape, pekecha kwa viganja vile vile. Kila baada ya muda uinue. Mrenda ukivutika kama uzi kutoka sufuriani hadi kwenye waya bila kukatika, epua.