Kuchagua Miti ya Matunda kwa Ua wa Malindi na Lamu

Kabla ya kwenda kitaluni, onja maji ya kisima chako mwishoni mwa kaskazi, mwezi wa Machi, wakati masika hayajaanza na chumvi imezidi. Ulimi ukiihisi chumvi, usipande parachichi wala mchungwa, kwa sababu majani yataungua kuanzia nchani na mti utadhoofika hata ukinyweshwa kila siku. Katika ua wa namna hiyo, na Lamu ziko nyingi, mnazi, mkunazi na mkomamanga huvumilia zaidi.

Maji yakiwa matamu na nafasi ipo, anza na mwembe. Embe la Apple, ambalo inaaminika asili yake ni huku huku Malindi, ni la mviringo, tamu na halina nyuzi za kukwama menoni. Ngowe ni refu, lenye ncha iliyopinda, na kwa ulimi wangu halina mpinzani. Aina yoyote utakayoipenda, dai mche uliobebeshwa, kisha uinamie uutazame mwenyewe: juu kidogo ya udongo utaona kovu, mahali shina lilipounganishwa na kitawi cha mti mwingine. Mimi niliwahi kununua mche bila kuinama, nikautunza miaka 7, na ulipozaa nikapata viembe vidogo vilivyojaa nyuzi. Unapoupanda, kovu hilo lisifukiwe.

Mwembe unataka takriban mita 10 kutoka mti mkubwa mwingine, kwa hiyo ua mdogo unafaa zaidi mdimu, mpera, au mstafeli uliokingwa na ukuta, kwani upepo wa kusi huutesa.

Mpapai hauhitaji nafasi kubwa na huweza kuzaa kabla ya kutimiza mwaka, ila huwezi kuujua dume ungali mche. Panda miche 3 katika shimo moja, usubiri maua: ya dume huning'inia mengi kwenye vikonyo virefu, ya jike hukaa yamekaribia shina. Ng'oa madume, ubakishe moja kwa ajili ya uchavushaji. Usiupande kamwe pale maji ya mvua yanapotuama, maana mizizi yake huoza upesi.

Mashimo yachimbwe mapema, sentimita 60 kila upande, yajazwe udongo wa juu uliochanganywa na samadi iliyooza, na miche iingie ardhini mvua za kwanza za masika zinapolowesha mchanga.