Jinsi ya kubuni miezi miwili inayokutana katika anga la hadithi yako

Mwongozo huu umetokana na kumsaidia mwandishi mwenzangu ambaye riwaya yake inategemea usiku mmoja: miezi miwili, yote mipevu, inakutana angani na bahari inapanda hadi misikitini. Wazo lake nililipenda tangu mwanzo. Kilichobaki kilikuwa kuifanya mbingu hiyo ikubalike hata kwa msomaji aliyekulia pwani, anayejua bamvua (siku bahari inapojaa na kupwa kupita kawaida) na maji mafu (siku inapojaa na kupwa kidogo tu) bila kufundishwa.

Hatua ya 1: Liandike tukio kwa sentensi moja

Nani analiona, akiwa wapi, na linadumu muda gani.

Hatua ya 2: Vifaa

Daftari la hesabu lenye miraba, penseli, chungwa, ndimu na tochi. Zipo programu za kuchora sayari za kubuni, lakini sizipendekezi mwanzoni: zinakupa picha tamu kabla hujajua mwezi wako unachomoza saa ngapi. Stellarium ni ya bure na inaonyesha vizuri anga letu halisi. Itumie baadaye kwa kulinganisha. Kwanza zima taa, mwenzako akumulike kwa tochi kutoka upande mmoja wa chumba, nawe ujizungushe huku umenyoosha mkono wenye chungwa. Kichwa chako ndiyo dunia. Liinue chungwa kidogo ili kivuli cha kichwa kisilifunike.

Hatua ya 3: Panga mizunguko

Saa nyingi huteketea hapa, kwa hiyo twende polepole.

Upe kila mwezi idadi ya siku kutoka kuandama hadi kuandama tena. Mwezi wetu huchukua siku 29 na nusu hivi. Tuseme mkubwa wako unachukua siku 30 na mdogo siku 12. Toa 1/30 kwenye 1/12, unapata 1/20: inakutana kila baada ya siku 20. Wengi huishia hapo, kumbe swali lenyewe ni inakutana ikiwa katika hali gani. Anza siku ambayo yote inaandama pamoja. Siku ya 20 kila mmoja yuko kwenye theluthi mbili za mzunguko wake, umeshapevuka na unapungua. Siku ya 40 iko kwenye theluthi moja, haijapevuka. Siku ya 60 inaandama tena pamoja. Usiku wa miezi miwili mipevu haupo kabisa!

Sasa badilisha 12 iwe 10. Inakutana kila baada ya siku 15. Siku ya 15 mkubwa umefika nusu ya mzunguko, mpevu. Mdogo umemaliza mzunguko mmoja na nusu, nao mpevu. Ukitaka ikutane ikiwa inaandama na pia ikiwa mipevu, siku za mkubwa zikigawanywa kwa za mdogo zitoe namba witiri: 3, 5, 7.

Kukutana si kufunikana. Njia ya mwezi wetu imeinama nyuzi 5 hivi kulinganisha na njia ya jua, ilhali uso wake una upana wa nusu nyuzi tu, ndiyo maana jua halipatwi kila mwezi unapoandama. Inamisha njia ya mwezi wako mdogo vivyo hivyo, uwe unapita juu au chini ya mwenzake mara nyingi, na usiku wa kufunikana utakuwa adimu kama hadithi inavyotaka.

Kisha, nani anamfunika nani? Mwezi unaozunguka haraka ndio ulio karibu. Wa siku 10 uko karibu nusu ya umbali wa ule wa siku 30, hivyo ndio utakaopita mbele. Ukitaka mkubwa uumeze mdogo, mdogo uwe mbali na mwendo wake uwe wa polepole, na hesabu zote urudie.

Na saa za kuchomoza: mwezi mpevu huchomoza jua likitua, mwandamo huonekana upande wa magharibi na kuzama mapema. Usimwonyeshe shujaa mwezi mwandamo usiku wa manane. Mwezi wa siku 30 huchelewa kuchomoza kwa dakika 50 hivi kila siku; wa siku 10 huchelewa kwa saa 2 na dakika 40.

Hatua ya 4: Maji

Kama miezi yote ni ya mawe ya aina moja, mvuto wa maji hufuata upana unaoonekana, ukizidishwa mara tatu kwa wenyewe. Mwezi unaoonekana nusu ya upana huvuta moja ya nane. Unaoonekana mpana mara mbili huvuta mara nane, na vijiji vya ufukweni vitahama. Jua letu, linaloonekana na upana sawa na mwezi, huvuta chini kidogo ya nusu yake kwa kuwa maada yake ni nyepesi zaidi. Siku ya 0 na ya 15 vyote vitatu viko kwenye mstari mmoja: weka bamvua yako kuu hapo.

Hatua ya 5: Maneno ya watu

Wape wavuvi na wakulima wako msemo wa kazi. Sisi tunao, juu ya kundi la nyota liitwalo kilimia: "Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua." Mstari mmoja wa namna hiyo unaijenga mbingu kuliko kurasa mbili za maelezo.

Mwisho chora jedwali la siku 60, mstari mmoja kwa kila usiku: hali ya kila mwezi, saa ya kuchomoza, maji. Kila sura yenye usiku iandikie tarehe ya jedwali hilo pembeni kabla hujaanza kuiandika.