Barua Iliyosema Malipo Yangu Hayatabadilika: Jinsi ya Kuhesabu Bei Halisi ya Nyumba ya Mkopo

Agosti 2023 nilipata barua ya ukurasa mmoja kutoka benki. Ilisema riba ya mkopo wangu wa nyumba imepanda kutoka asilimia 13 hadi 15, lakini nisiwe na wasiwasi: malipo yangu ya kila mwezi yatabaki yale yale, shilingi 46,863, ila "muda wa mkopo utarekebishwa ipasavyo." Mke wangu akashusha pumzi. Mimi pia. Ilikuwa mwezi wa kulipa karo, na tulikuwa tumejiandaa kusikia mabaya.

Kazi yangu ni ya makaratasi ya forodha hapa Mombasa. Miaka 20 nimehesabu ushuru wa mizigo ya watu hadi senti ya mwisho. Deni langu mwenyewe sikuwahi kulihesabu mpaka jioni ile, nilipojiuliza swali dogo: utarekebishwa hadi lini?

Nitakuonyesha nilivyohesabu, nawe uweke namba zako. Nafanya kwa shilingi za Kenya, lakini hesabu ni ile ile popote riba inapotozwa kwenye salio.

Anza na mistari miwili ya Excel

Mkopo niliuchukua Agosti 2018. Nyumba iko Kiembeni, vyumba vitatu, bei milioni 5. Nilitoa milioni 1, benki ikatoa milioni 4 kwa miaka 20. Sheria ya 2016 ya kudhibiti riba ilikuwa bado haijafutwa, kwa hiyo benki haikuweza kupita pointi 4 juu ya kiwango cha Benki Kuu, ambacho kilikuwa 9. Ndipo ilipotoka ile 13.

Fungua Excel, au lahajedwali yoyote iliyo kwenye simu, uandike hivi:

=PMT(13%/12,240,-4000000)

Hiyo 240 ni miezi ya miaka 20. Jibu, yaani malipo ya kila mwezi, ni 46,863. Sasa zidisha jibu hilo kwa 240. Utapata 11,247,000 na ushei. Umekopa milioni 4, utarudisha milioni 11 na robo. Riba peke yake ni zaidi ya milioni 7.

Mimi sikuandika mstari huo wa pili 2018. Niliangalia 46,863, nikaangalia kodi ya nyumba tuliyokuwa tunalipa, nikaangalia mshahara, nikasema tutaweza. Watu wengi wanaishia hapo, na afisa wa mikopo hana sababu ya kukuvuta usogee mbele.

Kwa nini deni halishuki

Kila mwezi benki inachukua riba ya mwezi kwenye salio lililobaki. Mwezi wa kwanza salio ni milioni 4. Asilimia 13 gawanya kwa 12 ni shilingi 43,333. Mimi nimelipa 46,863. Kilichopunguza deni ni 3,530. Hakitoshi hata kununua kitasa kizuri cha mlango wa mbele.

Mwezi wa pili salio limepungua kwa hizo 3,530, riba inapungua kwa shilingi 38, basi 38 hizo zinaongezeka upande wa deni. Mambo yanakwenda hivyo, polepole kama maji ya mfereji Kiembeni. Baada ya miaka mitano nilikuwa nimelipa zaidi ya milioni 2.8, na salio lilikuwa 3,703,878. Sikuamini. Niliomba taarifa ya akaunti, namba ikawa hiyo hiyo. Na kama riba isingebadilika, baada ya miaka kumi kamili bado ningekuwa nadaiwa milioni 3.1.

Kwa hiyo kabla hujatia sahihi, omba jedwali la malipo la mwezi kwa mwezi, kuanzia mwezi wa kwanza hadi wa mwisho. Wakikupa muhtasari wa ukurasa mmoja, rudi ukaombe tena. Ukilipata, acha safu ya malipo na utazame safu ya salio mwaka wa tano na wa kumi. Hapo ndipo utajua ukilazimika kuuza nyumba, kwa kuhamishwa kazi au kwa maradhi, utabaki na nini mkononi.

Riba inayotembea

Mikopo mingi ya nyumba Kenya ina riba inayobadilika. Mkataba wangu ulikuwa na sentensi moja, ukurasa wa saba, kwamba benki "inaweza" kubadilisha riba kwa kunipa taarifa. Neno hilo "inaweza" lina mlango wa upande mmoja. Sheria ya kudhibiti riba ilifutwa Novemba 2019. Mwaka 2020 Benki Kuu ikashusha kiwango chake hadi 7, na riba yangu ikakaa pale pale 13. Kiwango kilipoanza kupanda, Juni 2023 kikafika 10.5, na barua yangu ikaja miezi miwili baadaye.

Turudi kwenye barua. Riba ikipanda, benki ina njia mbili: kukuongezea malipo ya mwezi, au kuyaacha na kurefusha muda. Njia ya pili inaonekana ya huruma. Ili kujua muda mpya, andika riba mpya, malipo yako na salio lako:

=NPER(15%/12,-46863,3703878)

Skrini iliniambia 355. Nikadhani nimekosea alama. Nikaandika upya. 355 na kitu. Nilikuwa nimebakiza miezi 180, yaani miaka 15. Sasa nimebakiza karibu miaka 30. Ningemaliza kulipa 2053, nikiwa na umri wa miaka 76. Sababu ni kwamba kwa asilimia 15 riba ya mwezi kwenye salio langu ni 46,298. Katika malipo yangu ya 46,863, shilingi 565 tu ndizo zilizobaki za kupunguza deni. Na kama riba ingekuwa 16, riba ya mwezi ingekuwa 49,385, zaidi ya ninacholipa: deni lingekuwa linakua huku nalipa kila mwezi bila kukosa, na hakuna mtu angenipigia simu kwa sababu kwenye mitambo yao mimi ni mteja mzuri.

Asubuhi nilikwenda benki. Kijana aliyenihudumia alikuwa mwungwana, ananiita mzee kila sentensi. Nikamwuliza muda wangu mpya ni miezi mingapi. Akatafuta, akanyamaza, akasema, "Mzee, ukikaribia kustaafu tungekuita tuzungumze." Nikamwambia tuzungumze leo.

Tulichozungumza ni hiki. Nikishikilia muda wangu wa miezi 180, malipo kwa asilimia 15 yanakuwa 51,839. Ni nyongeza ya 4,976 kwa mwezi. Jumla ya kulipa kuanzia hapo ni milioni 9.3. Nikikubali "huruma" ya barua, jumla ni milioni 16.7. Tofauti ni zaidi ya milioni 7, nyumba nzima na nusu ya pili, kwa ajili ya shilingi elfu tano za mwezi. Nikaandika barua palepale kaunta: naomba muda ubaki, malipo yaongezwe. Walinitaka nilete hati ya mshahara, kwa kuwa sheria ya ajira hairuhusu makato yavuke theluthi mbili ya mshahara. Ikapita. Tukaacha kukodi gari la kwenda bara Desemba ile. Watoto walinung'unika wiki moja.

Nisieleweke vibaya. Milioni 11 za miaka 20 si sawa na milioni 11 za leo, maana shilingi inapungua uzito kila mwaka, na kama nisingenunua ningekuwa nalipa kodi ya mwenye nyumba hadi kesho. Sijuti kukopa. Najuta kukopa bila kuuliza salio.

Pesa za mlangoni, na za kila mwaka

Siku ya kununua, mbali na ile milioni 1, nilitoa hizi: ushuru wa stempu asilimia 4 kwa kuwa ni eneo la mji (vijijini ni 2), yaani 200,000, ushuru wa stempu wa kusajili rehani yenyewe, asilimia 0.1 ya mkopo, 4,000. Wakili wangu 116,000 pamoja na VAT. Wakili wa benki 80,000, ambaye pia analipwa na wewe ingawa anailinda benki. Ada ya benki ya kushughulikia mkopo, 40,000. Mthamini na upekuzi wa hatimiliki, 20,000. Jumla 460,000. Nilikuwa nimeweka akiba ya milioni 1 kamili, kwa hiyo hizo nyingine zilitoka kwenye chama cha akiba cha mke wangu na kwa ndugu, na nilizilipa mwaka mzima.

Bima ni mbili na zote ni lazima: ya maisha, ili ukifa deni lilipwe, na ya moto. Zangu zilikuwa 28,000 mwaka wa kwanza. Ukidhani hazitapanda, ambayo ni kujidanganya, ni 560,000 kwa miaka 20. Juu yake kuna ushuru wa ardhi wa kaunti, na kama kiwanja ni cha kukodi kutoka serikalini, kuna kodi ya ardhi pia. Halafu kuna bahari yenyewe: chumvi inakula nondo, madirisha ya chuma na mabati, na fundi huku hakawii kuitwa.

Ukijumlisha tu nilivyovitaja kwa namba, kwa ile riba ya mwanzo, nyumba ya milioni 5 ni milioni 13 na robo.

Kuna nafuu moja watu huisahau. Riba ya mkopo wa nyumba unayoishi mwenyewe hupunguzwa kwenye mapato yanayotozwa kodi. Kikomo kilikuwa 300,000 kwa mwaka hadi kilipopandishwa kuwa 360,000 mwishoni mwa Desemba 2024. Kwa aliye kwenye kiwango cha kodi cha asilimia 30, hiyo ni hadi 9,000 kwa mwezi. Mpelekee mwajiri cheti cha riba kutoka benki, au uiweke unapojaza ritani za KRA, mamlaka ya mapato. Mimi hizo ndizo zinazonisaidia kufikisha malipo ya mwezi.

Ukiwa bado hujakopa

Uliza kama benki au Sacco yako inatoa mikopo inayofadhiliwa na KMRC, kampuni iliyoanzishwa 2018 kuwapa mabenki na Sacco fedha za muda mrefu za nyumba za bei nafuu. Riba yake ni ya tarakimu moja na haibadiliki. Jaribu 9.5 kwenye mstari wa PMT: milioni 4 zile zile zinakuwa 37,285 kwa mwezi, na riba yote inashuka kutoka milioni 7.2 hadi 4.9. Kuna masharti ya kipato na ya bei, si kila mtu anapita.

Shemeji yangu hataki kusikia riba, akanunua kwa murabaha: benki ikanunua nyumba, ikamwuzia kwa bei yenye faida juu yake, alipe kidogo kidogo. Namsifu kwa jambo moja, aliijua jumla yake siku ya kwanza, namba moja isiyotembea. Lakini alipotaka kulipa mapema akakuta punguzo si haki yake moja kwa moja bali ni hiari ya benki. Liulize hilo kabla, uandikiwe.

Na kama unaweza kulipa zaidi ya unavyodaiwa, anza mapema, miaka ya mwanzo ambapo salio ni kubwa. Kwa mkopo wangu wa asilimia 13, shilingi 5,000 za ziada kila mwezi tangu mwanzo zingeumaliza kwa miaka 14 badala ya 20, na kuokoa kama milioni 2.5. Ila usitume pesa tu. Andika barua useme ziada ipunguze deni la msingi na ifupishe muda, la sivyo wengine huihesabu kama malipo ya mwezi ujao. Kisha omba taarifa ya akaunti uhakikishe salio limeshuka kwa kiasi hicho hicho.

Mimi naomba yangu kila robo mwaka. Agosti 2025, baada ya malipo 24 ya 51,839, salio lilikuwa 3,549,918. Kiwango cha Benki Kuu wakati huo kilikuwa kimeshuka kutoka 13 ya Februari 2024 hadi 9.5. Sikungoja barua. Niliandika mimi, nikaorodhesha kila mara kilipopunguzwa na tarehe yake, nikauliza yangu inapunguzwa lini. Barua ya pili ndiyo iliyojibiwa: riba imeshuka hadi 14, na malipo yangu ya mwezi yatapungua.

Nikarudi kaunta, kwa kijana yule yule. Nikamwambia malipo yabaki 51,839. Akaandika kwenye kompyuta yake, nami kwenye simu yangu:

=NPER(14%/12,-51839,3549918)

Miezi 156 ikawa 138.