Kufika Machu Picchu kwa Barabara na kwa Miguu Bila Kupanda Treni

Mji wa Machu Picchu ulijengwa na Wainka, watu wa dola ya kale ya Amerika Kusini, katikati ya karne ya 15, zama za mtawala Pachacuti, kwenye mgongo wa mlima ulio mita 2,430 juu ya usawa wa bahari, kusini mwa Peru. Aguas Calientes, mji mdogo ulio bondeni chini yake, haujaunganishwa na barabara yoyote itokayo Cusco, mji mkubwa ambako safari huanzia, na kwa sababu hiyo wageni walio wengi hupanda treni, ambayo nauli yake ya kwenda na kurudi mara nyingi huzidi dola 100 za Marekani. Mabehewa ya bei nafuu yapo, lakini yametengwa kwa ajili ya wenyeji na mgeni hauziwi tiketi yake. Njia inayobaki ni kuizunguka milima kwa gari hadi mahali barabara inapoishia, kisha kumalizia kwa miguu kando ya reli. Njia hiyo hupunguza gharama kwa kiasi kikubwa, ila inadai muda. Msafiri anayejaribu kubana fedha na siku kwa pamoja ndiye anayeishia kulipa zaidi, kwa kuachwa na gari, kupitwa na saa ya tiketi au kulala mahali ambapo hakupanga kulala. Tenga siku tatu za kutoka Cusco hadi kurudi Cusco. Siku mbili hutosha tu pale kila jambo linapokwenda sawa.

Anza na tiketi ya kuingia kwenye magofu, kabla hujatafuta gari wala chumba. Tiketi huuzwa na Wizara ya Utamaduni ya Peru kupitia tovuti yake, na idadi ya watu wanaoruhusiwa kuingia kwa siku ni 4,500, ikiongezwa hadi 5,600 katika tarehe maalumu zenye wageni wengi. Mtu mzima kutoka nje ya nchi amekuwa akilipa soli 152 (soli ni fedha ya Peru) kwa ziara ya kawaida na soli 200 kwa tiketi inayojumuisha kupanda mlima wa Huayna Picchu au mlima wenyewe wa Machu Picchu. Hakikisha bei kwenye tovuti kabla ya kupanga bajeti. Tangu Juni 2024 ziara zimegawanywa katika mizunguko mitatu, na mzunguko uliochagua ndio utakaoufuata, kwa kuwa njia za ndani ni za upande mmoja na walinzi hawaruhusu kurudi nyuma. Mzunguko wa 1 hupita juu, kwenye matuta yenye mandhari inayojulikana katika picha, bila kuingia katikati ya mji. Mzunguko wa 3 hupita sehemu ya chini. Mzunguko wa 2 ndio unaounganisha mandhari ya juu na majengo ya ndani, na kwa anayefika mara moja tu maishani mimi ningemshauri autafute huo kwanza, hata ikimlazimu kusogeza tarehe za safari nzima. Katika miezi ya Juni hadi Agosti tiketi za mzunguko huo huisha wiki nyingi kabla. Jina na namba kwenye tiketi vinapaswa kulingana na pasipoti utakayoibeba, kwa sababu vyote viwili hukaguliwa mlangoni.

Aliyekosa tiketi mtandaoni bado ana nafasi, kwa kuwa kila siku hutengwa tiketi 1,000 zinazouzwa ana kwa ana mjini Aguas Calientes. Hata hivyo, mnunuzi hupanga foleni leo ili aingie kesho au kesho kutwa, wala hana uhakika wa mzunguko wala saa. Nafasi hiyo inamfaa mwenye siku za ziada, na ni hatari kwa mwenye ndege ya kuwahi.

Saa iliyoandikwa kwenye tiketi ina uzito kuliko wengi wanavyodhani, kwa sababu magari ya kurudi Cusco kwa kawaida huondoka mwisho wa barabara, mahali paitwapo Hidroeléctrica, kati ya saa 8 na saa 9 alasiri. Tuseme umeingia saa 12 asubuhi, magofu yanapofunguliwa. Ziara ya saa mbili na nusu itakutoa nje saa 2 na nusu. Utashuka ngazi kwa muda wa saa moja, kisha utatembea kando ya reli kwa saa mbili na nusu hivi na kufika kwenye gari karibu saa 6 mchana, ukiwa na muda wa kula na kupumzika. Mwenye tiketi ya saa 3 asubuhi, kwa hesabu hiyo hiyo, atafika saa 9 alasiri na huenda akakuta gari la mwisho limekwisha kuondoka. Kwa hiyo, asiyepata tiketi ya saa 12 au saa 1 asubuhi alipie usiku wa pili Aguas Calientes na arudi kesho yake bila haraka. Kumbuka pia kwamba tiketi huandikwa kwa mtindo wa saa 24, hivyo 06:00 ni saa 12 asubuhi.

Kabla ya safari yenyewe, upe mwili nafasi ya kuzoea hewa ya juu. Cusco iko takribani mita 3,400 juu ya usawa wa bahari, juu zaidi kuliko magofu yenyewe, na maumivu ya kichwa, kichefuchefu na usingizi wa mang'amung'amu ni mambo ya kawaida siku za mwanzo. Wenyeji hunywa chai ya majani ya koka. Nayo husaidia wengi, ingawa dawa ya kweli ni mapumziko na kutokwenda mbio. Ni busara kushuka moja kwa moja hadi mji mdogo wa Ollantaytambo, ulio karibu mita 2,800, na kulala huko kwanza. Siku hizo za kuzoea hazipotei bure: tiketi ya pamoja ya soli 130, inayotumika kwa siku 10, hufungua maeneo mengi ya kale ya Cusco na Bonde Takatifu (bonde la mto Urubamba karibu na Cusco), yakiwemo Sacsayhuamán, Pisac, Moray na ngome ya Ollantaytambo yenyewe. Machu Picchu haimo katika tiketi hiyo.

Kwa barabara kuna namna mbili. Ya kwanza ni basi dogo la watalii, ambalo huondoka Cusco alfajiri na kufika Hidroeléctrica baada ya saa sita hadi saba. Nafasi huuzwa na mawakala wengi mjini. Ya pili ni kupanda basi la kawaida liendalo Quillabamba, kushuka Santa María, kisha kuchukua teksi za abiria wengi hadi Santa Teresa na kuendelea hadi Hidroeléctrica. Tofauti ya gharama ni ndogo, na namna ya pili huchukua muda mrefu zaidi, lakini inamfaa anayetaka kulala Santa Teresa na kuoga katika mabwawa ya maji ya moto ya Cocalmayo. Kwa vyovyote vile utavuka kipito cha Abra Málaga, chenye mwinuko wa mita 4,316, penye baridi kali na ukungu, kisha utateremka kwa kona zisizohesabika hadi kwenye joto la bonde la kahawa na ndizi. Valia nguo za tabaka, na kama kichefuchefu cha garini hukusumbua, meza dawa kabla ya kuondoka. Kipande cha kati ya Santa María na Santa Teresa ni chembamba na kimechongwa ubavuni mwa genge lenye mto chini yake. Usikubali kusafiri usiku kwenye kipande hicho kwa sababu ya kuokoa gharama ya chumba. Hapa sina ushauri wa kati: usiku, usiende.

Mvua ndiyo inayoamua kama njia hii inafaa au haifai. Kuanzia Novemba hadi Machi, na hasa Januari na Februari, maporomoko ya ardhi hufunga barabara. Reli iliwahi kuendelea hadi Quillabamba, lakini mafuriko ya mwaka 1998 yaliiharibu pamoja na kituo cha umeme kilichoipa Hidroeléctrica jina lake, na ndiyo maana siku hizi inaishia hapo. Januari 2010 mvua ziliikata reli upande wa Cusco, na maelfu ya watalii waliokwama Aguas Calientes wakatolewa kwa helikopta. Mei na Septemba ni miezi mizuri, kwa kuwa anga ni kavu na msongamano ni mdogo kuliko wa katikati ya mwaka.

Matembezi ya kutoka Hidroeléctrica ni ya kilomita 10 hadi 11 na hayahitaji mwongozaji. Mwanzoni kuna njia fupi ya kupanda inayokata kona za reli. Baada ya hapo ardhi ni karibu tambarare, mto Urubamba ukiwa kando yako na msitu pande zote. Tembea kwenye njia iliyo pembeni na si juu ya mataruma, kwani treni zinapita na kelele za mto huweza kuuficha mngurumo wake hadi imekaribia. Kokoto za reli huumiza nyayo zenye viatu vya soli nyembamba. Inua macho mara kwa mara kuelekea juu ya genge: kuna sehemu ambapo matuta ya Machu Picchu huonekana juu kabisa. Ukikaribia mji, reli huingia kwenye mahandaki. Usiingie humo, bali shika barabara ya mabasi inayoyakwepa. Giza huingia kama saa 12 jioni, kwa hiyo anza kutembea kabla ya saa 9 alasiri na uwe na tochi. Jipake dawa ya wadudu, maana usubi wa bonde hili huuma mchana kweupe na alama zake huwasha kwa siku kadhaa.

Kutoka Aguas Calientes basi la kupanda hadi mlangoni limekuwa likitoza dola 12 kwa upande mmoja, kiasi kikubwa kwa safari isiyofika nusu saa. Ngazi za mawe zinazoikata barabara hiyo hazina malipo, nazo huanza baada ya daraja ambapo tiketi hukaguliwa. Ni mpando mkali wa saa moja hadi moja na nusu. Mwenye tiketi ya mapema anapaswa kuwa darajani kabla ya mapambazuko. Anayeona magoti yake hayawezi kupanda na kushuka pia apande kwa basi na ashuke kwa miguu.

Begi kubwa kuliko sentimita 40 kwa 35 kwa 20 haliruhusiwi ndani, wala chakula, miavuli, ndege zisizo na rubani au vishikio vya kupigia picha. Maji yabebe kwenye chupa isiyo ya plastiki ya kutupwa. Vyoo viko nje ya mlango tu, hutozwa soli chache, na aliyetoka haruhusiwi kuingia tena.

Ndani, usiishie kwenye picha ya mbali. Simama kando ya moja ya chemchemi 16 zilizopangwa kushuka kwa mfuatano, uone jinsi jiwe lilivyochongwa ili maji yaanguke yakiwa mkondo mmoja mwembamba. Maji hayo yaliletwa kutoka kwenye chanzo cha mlimani kwa mfereji wa karibu mita 750. Tazama pia matuta: chini ya udongo wake kuna mchanga, changarawe na mawe makubwa zaidi, vikiwa vimepangwa kwa tabaka ili maji ya mvua yapenye bila kuubomoa mlima.

Mwenye nguvu na siku nyingi anaweza kuibadili safari ya gari kuwa ya miguu. Njia rasmi ya Wainka, yaani njia ya kale ya miguu iendayo Machu Picchu, haimfai mwenye bajeti ndogo, kwa sababu ina vibali 500 tu kwa siku vikijumuisha wapagazi, hufungwa kila Februari, na hairuhusiwi bila wakala. Njia ya Salkantay haidai kibali cha namna hiyo. Huchukua siku nne au tano, hupita kipito kilicho juu ya mita 4,600 na kumtoa msafiri Hidroeléctrica hiyo hiyo. Na kwa aliyekosa tiketi kabisa ipo Choquequirao, magofu mengine ya Wainka yasiyo na reli wala basi, ambayo hufikiwa kutoka kijiji cha Cachora kwa kuteremka korongo la mto Apurímac na kupanda upande wa pili, takribani mita 1,500 kila upande. Tenga siku nne kwa kwenda na kurudi, na uvuke korongo alfajiri, kwa kuwa joto la chini yake mchana huwachosha hata wenye mazoezi.